Saa Niliyomshikia Hafsa

Nilifundisha michezo miaka thelathini na moja, na nilikuwa mkali. Mtoto akiniibia mzunguko mmoja, alianza upya mbele ya wenzake. Ndiyo maana siku ya usaili wa Kikosi cha Waokoaji wa Mwambao, mshika saa alipokosekana, watu wakasema mwiteni Mwalimu Uweso, yule hapendelei mtu. Nikavimba kichwa, nikaenda Pongwe.

Hawakujua kwamba kati ya wasichana waliopanga mstari alikuwemo Hafsa, mtoto wa marehemu dada yangu, niliyemlea mwenyewe hapa Nguvumali. Ilikuwa niseme. Sikusema. Nikijitoa, zoezi litaahirishwa, naye alikuwa na miaka ishirini na mitano, mwisho wa umri unaotakiwa. Akikosa mwaka huo, ndiyo basi tena.

Mizunguko sita kwa dakika kumi na nne. Hafsa akaja wa nne, mtandio umemshuka shingoni, anahema. Akavuka mstari ikiwa imebaki sekunde moja. Hapo hapo nikausikia mtaa mzima masikioni: mjomba mtu ndiye kashika saa, ulitegemea nini? Kidole kikagoma. Nilipobonyeza, ilisoma kumi na nne na sekunde mbili, nikaiandika vivyo hivyo, nikatia saini. Wenzangu huwaibia watu kwa ajili ya ndugu zao. Mimi, mpumbavu, nilimwibia ndugu yangu ili nisifiwe na watu.

Hafsa akakata rufaa kwenye kamati ya Kikosi. Wakili Badr, wa msaada wa kisheria, akapata pa kushika: kanuni inataka wapimaji wawili na saa mbili, na siku ile nilikuwa peke yangu.

"Wakilikubali hilo, utarudia mbio," akamwambia, "na umri utahesabiwa ule wa siku ya kwanza."

Hafsa akaanza kukimbia kila alfajiri. Anarudi amelowa jasho, anacheka, "Shikamoo mjomba, leo kumi na tatu na ushei." Namwitikia huku nimeinamia redio.

Shahidi nilikuwa mimi. Badr alinikanya mapema.

"Mwalimu, utaulizwa kama ulikuwa peke yako. Sema ndiyo, ukae. Mengine usiyaguse."

Nikaulizwa, nikasema ndiyo. Ilikuwa nikae. Lakini Hafsa alikuwa mbele yangu na baibui lake la Idi, ananitazama kwa imani ile ile ya utotoni, nikashindwa. Nikayamwaga yote: kwamba ni mtoto wa dada yangu, kwamba alivuka ndani ya muda, kwamba nilichelewa kubonyeza kwa kusudi. Wallahi, nilidhani namrudishia haki yake. Badr akashika kichwa.

Mwenyekiti wa kamati, mama mmoja mpole sana, akavua miwani.

"Siku ile ulisaini uongo, mwalimu. Leo tukuamini kwa lipi, na wewe ni mjomba mtu?"

Hapo ndipo nikakaa.

Uamuzi ukatoka wiki iliyofuata. Mwombaji alipimwa na ndugu yake, na yeye mwenyewe hakuutaja undugu huo. Matokeo yamefutwa, hakuna kurudia. Hoja ya saa mbili hata hawakuigusa. Wanasema ulimi uliponza kichwa, lakini kichwa kilichoponzwa hakikuwa changu.

Jioni ile Hafsa alinipakulia wali kama kawaida, yeye hakula. Nikaanza kumweleza kwamba Kigombe wanatafuta mwalimu wa chekechea. Akanikatiza, na hajawahi kunikatiza maishani mwake.

"Mjomba, nilipovuka, uliniona?"

"Nilikuona."

Akangoja niongeze neno. Kisha akaondoa sahani yangu.

Siku hizi nikiamka naikuta chai mezani imefunikwa, na mwenyewe keshatoka.