Zahanati ya Ukuta Mmoja

Twahiru wa Biryogo alikuwa fundi cherehani mpaka mwaka 1979, wazungu walipokuja Kigali kutengeneza sinema kuhusu padri mmoja jasiri. Walimwita awashonee kanzu. Siku ya tatu mwongozaji alimwona akipanga viti vya kanisani kwa namna iliyompendeza, akamkabidhi mandhari yote.

Kazi yenyewe ilikuwa kukifanya kijiji kionekane kijiji. Huko Gisozi, walikopigia picha, mama mmoja, Nyirahabimana, alikuwa amengoja miaka saba kupata mabati. Mwongozaji aliagiza yafunikwe kwa majani, kwa kuwa watazamaji wa kwao wasingeamini nyumba ya namna hiyo iko Afrika. Twahiru aliyafunika vizuri mno, hata mwenye nyumba akapita mlango wake bila kuutambua.

Wageni walipoondoka walimwachia barua ya sifa kwa Kifaransa. Twahiru aliitundika ukutani, akaacha kushona suruali, akachapisha kadi: Mpambaji wa Mandhari na Mtayarishaji wa Filamu. Kwa miaka mitano hakutayarisha filamu yoyote. Alipamba harusi za Nyamirambo, akiwahamisha maharusi huku na kule wafuate mwanga. Aliyelisha nyumba ni mkewe, Swafiya, aliyekuwa ameishika cherehani.

Mwaka 1984 wizara moja ilitaka sinema ya dakika ishirini kuhusu maendeleo ya afya vijijini. Mkurugenzi wake, Hakizimana, alimwita Twahiru ofisini Kacyiru.

"Kila kitu kiko tayari," alisema. "Imebaki zahanati tu."

Twahiru aliijenga Gisozi. Ilikuwa ukuta mmoja wa mbao nyembamba, uliopakwa chokaa, wenye madirisha mawili ya kuchora na mlango uliofungukia shamba la maharage. Daktari alikuwa Nzeyimana, muuza nyama wa Biryogo, kwa sababu alikuwa amezoea koti jeupe.

Asubuhi ya kupiga picha Twahiru alikuta wanawake zaidi ya arobaini wamepanga foleni. Alifurahi, akidhani wizara imemletea waigizaji. Wa mbele alikuwa Nyirahabimana, amembeba mjukuu.

"Mama, huyo mtoto akohoe kidogo," Twahiru alimwelekeza.

"Anakohoa tangu Jumatatu," Nyirahabimana alijibu. "Ndiyo maana nimekuja."

Twahiru alitaka kusema kweli, lakini magari matatu yalikuwa yamekwisha kufika. Mkurugenzi alishuka na wageni wake, akaiona foleni, akakata utepe na kuhutubia kwa dakika arobaini. Nzeyimana, kwa kukosa la kufanya, alianza kuwapapasa watoto shingo kwa umakini mkubwa.

"Mlango usifunguliwe," Mkurugenzi alimnong'oneza Twahiru. "Maharage yataonekana."

Wageni waliondoka wameridhika. Nzeyimana alivua koti, akasema nyama yake itaharibika. Wanawake walibaki wakimtazama Twahiru, naye akawaambia warudi kesho.

Alipomsimulia Swafiya, mkewe aliisimamisha cherehani.

"Umewaambia warudi kesho?"

"Nilikosa la kusema."

"Basi tafuta kuta tatu."

Swafiya alikwenda mwenyewe kumwomba Mukabalisa, mkunga mstaafu wa jirani. Kesho yake Mukabalisa aliketi mbele ya ukuta ule na mfuko wake wa zamani, akampa mjukuu wa Nyirahabimana dawa ya kifua. Nyuma yake Twahiru alichimba mashimo ya nguzo, kwa mara ya kwanza akijenga kitu ambacho kingepaswa kusimama hata kikitazamwa kwa pembeni. Waume wa wale wanawake walikuja na udongo na miti. Kuta zilipinda, na kwenye madirisha ya kuchora ikabidi wapasue kwa msumeno, hewa iingie.

Baada ya miezi mitatu Mkurugenzi alileta wageni wengine, bila taarifa. Alikuta matope mlangoni, wagonjwa juu ya mikeka, na nyuma ya pazia mwanamke akijifungua kwa sauti iliyosikika mpaka barabarani. Alimvuta Twahiru kando.

"Umeiharibu kabisa. Ile ya kwenye sinema ilikuwa safi."

"Ile haikutibu mgonjwa, mheshimiwa."

Mkurugenzi aliwaambia wageni kwamba hicho ni kibanda cha zamani, ambacho zahanati mpya imekuja kukiondoa. Wageni waliandika hivyo kwenye daftari zao. Sinema ilionyeshwa kwenye ukumbi mmoja mjini, bila jina la Twahiru, na watu wakaipigia makofi.

Hakuitwa tena Kacyiru. Alirudi kushona, akilalamika kuhusu nguo za shule, na kila Alhamisi akipanda Gisozi kuziba paa la zahanati. Wizara ilipata mpambaji mwingine, kijana aliyesoma, naye akaanza kujenga shule Kagarama. Watu waliopita barabarani walisema ni nzuri sana.