Rangi Nyeusi ya Daraja la Wendham

Mwaka ule nilikuwa kibarua kwa Hetty Gooch, fundi mashua wa Wendham, upande wa juu wa mto, ukishapita daraja la reli. Daraja lenyewe ni la enzi za Malkia Victoria: limekaa juu ya nguzo moja katikati ya maji, chini yake duara la magurudumu. Likigeuzwa, mashua za milingoti mirefu hupita kuja kwetu. Lisipogeuka, Hetty hana kazi. Na Julai ile mkaguzi, Bwana Penhale, alikuwa anakuja kuamua kama liendelee kugeuka au lifungwe kwa vyuma moja kwa moja.

"Tulipake rangi," Hetty akasema. "Nyeusi. Ing'ae kama viatu vya mazishi."

Siku zote lilikuwa kijivu kilichofifia. Tulipaka wiki nzima.

Siku ya mkaguzi jua likawaka vibaya. Horace Mobbs, mgeuzaji wa daraja kwa miaka thelathini, akaligeuza, likazunguka kimya. Mashua saba zikapita. Kulirudisha, likagoma, limebakiza upana wa kidole. Chuma kilikuwa kimetanuka kwa joto, na treni ya saa nane imebakiza dakika ishirini.

"Hata kwenye joto kali kuliko hili halijawahi kunifanyia hivi," Horace akasema.

Penhale akagusa chuma, akauondoa mkono upesi. "Nani alichagua nyeusi?"

Wote tukatazama mto.

"Mimi," Hetty akasema. "Niandike mimi, daraja usiliandike."

"Hetty, utaungama baadaye," Horace akasema. "Lete ndoo."

Wenye mashua wakarudi, wakalowesha matanga na kuyatandaza juu ya vyuma. Sisi tukamwagia maji ncha za daraja. Penhale naye akavua koti akajipanga kwenye mstari wa ndoo, kati yangu na mama mmoja aliyebana mkate wake wa jibini kwa meno ili mikono iwe huru.

Treni ikaja, ikasimamishwa. Vichwa vikatoka madirishani. "Mnaliosha au mnalizika?"

"Shuka usaidie, mzee," Horace akajibu.

Baada ya ndoo mia na ushei, daraja likasogea, likaingia mahali pake. Treni ikapita, imechelewa dakika kumi na moja.

Penhale akakamua tai yake, akaandika, akampa Hetty asome: mitambo ni mizima, liendelee kugeuka. Lipakwe nyeupe, na aliyechagua nyeusi ndiye apake.

Hetty akanigeukia. "Umesikia? Mimi na wewe."

"Mimi sijaandikwa hapo."

"Unakula kwangu."

Nilikuwa nimepanga kuondoka Ijumaa ile. Niliondoka Septemba, kucha zote nyeupe.