Muhuri Siku ya Kimchi

Kabichi sitini za kutengenezea kimchi, achari yetu ya majira ya baridi, zilikuwa zimelala kwenye chumvi tangu jana, nami nilikuwa nazisuuza uani, mkurugenzi Pyo aliposukuma geti. Moyo ulinilipuka. Mtu huyu nilimtumikia miaka kumi na tisa kwenye kiwanda chake cha soksi hapa Daegu. Nilipostaafu, sheria ilimpa siku kumi na nne anilipe kiinua mgongo. Sasa ilikuwa imepita miezi mitano, na upasuaji wa magoti yangu ulikuwa umeahirishwa mara mbili. Ndipo nikamshtaki kwenye idara ya kazi.

"Dada Gil-rye! Kabichi zote hizi peke yako? Hebu sogea huko."

Akavua koti, akakunja mikono ya shati, akachutama penye beseni. Maji ya Novemba yanakata vidole, jamani. Hakutamka neno la kesi, na kila kabichi aliyoiinua ilinizidishia wasiwasi. Mtu akishakusaidia kimchi ya mwaka mzima, utamtazamaje usoni mbele ya afisa wa kazi?

Tulipomaliza kupaka pilipili kabichi ya kwanza, nilimlisha jani kwa mkono wangu, kama tunavyofanya. Alitafuna, macho yakamlengalenga. Kisha akatoa karatasi.

"Gonga muhuri tu, dada, kwamba hutaki niadhibiwe. Benki ikiona kesi imekwisha, inanikopesha. Ijumaa hela unayo."

"Afisa kaniambia nikishagonga, sitaweza kuifungua kesi tena."

"Afisa anakujua? Mimi na wewe tumekula pamoja miaka kumi na tisa!"

Naona haya kusema, lakini niliingia ndani kuuchukua muhuri wangu wa jina, tunaougonga badala ya kutia saini. Nilirudi nao uani.

Wakati huohuo akaingia Mal-sun, niliyesimama naye mashine kwa mashine kiwandani, amekuja kunisaidia kama kila mwaka, na sufuria ya nyama ya nguruwe mkononi. Aliliona shati la Pyo lililolowa, akaganda pale getini.

"Ala! Na hapa pia unaosha?"

Pyo akainamisha kichwa.

"Kwangu alikuja wiki mbili zilizopita," Mal-sun aliniambia. "Kabichi arobaini. Mpaka mapipa alinibebea. Nikagonga. Hiyo Ijumaa naingoja mpaka leo, na simu hapokei."

"Mbona hukuniambia?"

"Ningeanzia wapi? Mtu mzima na wajukuu, nimedanganywa kwa kuoshewa kabichi!"

Niliutia muhuri mfukoni mwa aproni. Hofu haikuniisha, ila hasira iliizidi.

"Jumatatu tuonane kwa afisa," nilimwambia Pyo. Akaanza kuvaa koti.

"Ngoja kwanza."

Nilichukua kopo kubwa, nikalijaza kimchi, nikashindilia mpaka juu, nikampakatisha.

"Ya nini tena, dada?"

"Umefanya kazi asubuhi nzima. Chukua ujira wako leo leo."