Mwendo wa Mkuu wa Kambi

Mzungu alivua viatu mlangoni bila kuambiwa, na hilo peke yake lilimtia Irambona wasiwasi. Mtu mzima wa Denmark, mrefu hadi anainama mlangoni, nani kamfundisha adabu za watu?

"Shikamoo, mzee."

Kiswahili chake, alichokiokota Arusha enzi za ujana, kilikuwa safi. Irambona aliitikia shingo upande. Katika kambi ya wakimbizi alikotoka, Mzungu aliyejua Kiswahili ndiye aliyeogopwa kuliko wote. Hakuhitaji mkalimani, na kila ulichoropoka kiliwafikia wakubwa kikiwa kizima.

Keza, bintiye wa pekee, alimimina chai akiwa bado na sare ya nyumba ya wazee anakofanya kazi. Yeye ndiye aliyemleta mgeni. Mgeni huyo, Asger, alikuwa mwandishi na mwigizaji, na kikundi chake kilifanyia mazoezi ukumbini hapo Merrylands, mtaa wao huku ugenini. Tamthilia yake mpya ilihusu watu wa kambini. Keza angemwigiza mama yake, Niyonsaba, aliyefariki binti akiwa bado ananyonya. Hakuwa na kumbukumbu hata moja ya kuishika. Alimtegemea baba.

"Kwetu nimecheza wafalme na majenerali mpaka nikachoka," alieleza Asger. "Nimevaa mataji ya bati nusu ya maisha. Siku moja nikajiuliza, hawa wanaonipigia magoti, historia yao iko wapi? Ndipo nikaanza kuandika."

"Umetumwa na nani?"

"Na Keza."

Keza akacheka. Irambona hakucheka. Alipoulizwa habari za mkewe, alikohoa, akaanza.

"Mke wangu Niyonsaba aliugua malaria wakati wa mvua. Tulimpeleka zahanati ya kambi. Dawa hazikuwapo. Alifariki alfajiri. Alikuwa mke mwema, hakuwa na ugomvi na mtu yeyote."

Asger akaligeuza swali. Irambona akarudia jibu vilevile. Hata kwenye usaili wa kuja huku walimgeuzia maswali hivyohivyo. Ukibadili neno unaitwa mwongo, na familia nzima inabaki kwenye mahema. Sasa alikuwa raia, lakini waliompa uraia si ndio hao hao wenye uwezo wa kumnyang'anya?

Asger akaweka kalamu chini. "Mzee, kazi yangu ni kukariri. Nikimsikia aliyekariri, namjua."

"Unaniita mwongo ndani ya nyumba yangu?"

"Hapana. Uliyosema ni kweli. Lakini yeye simwoni humo."

Keza akasema kwa Kiingereza, taratibu, kwamba amekua na maneno hayohayo, neno kwa neno, na kwamba hawezi kupanda jukwaani akaigiza malaria.

Maneno hayo yalimchoma Irambona pahala ambapo wakubwa hawakuwahi kufika. Akainuka, akafunga dirisha.

"Kalamu ipeleke jikoni," akamwambia Mzungu. "Na simu."

Asger akatii.

"Hakuwa mpole," Irambona akasema hatimaye. "Alikuwa na mdomo! Kwenye foleni ya mahindi alikuwa akijifunga kanga tumboni, anamwiga mkuu wa kambi, watu wanashika mbavu. Siku moja mkuu akawa amesimama nyuma yake. Tangu hapo jina letu halikuitwa kwa lolote. Alipozidiwa, gari la wagonjwa lilikuwa pale, dereva anasubiri amri. Amri haikutoka. Walimuua kwa kunyamaza. Ningeyasema hayo kwenye usaili? Mwenye kesi na wakubwa, nani atamchukua?"

Keza akaweka kikombe chini.

"Alipomwiga mkuu, alitembeaje, Baba?" Keza aliuliza kwa Kiswahili.

Irambona akautupia mlango jicho. Kisha akaweka mikono nyuma, akatoa tumbo, akainua kidevu, akapita kati ya kochi na televisheni kama mtu anayeidai ardhi. Keza akaziba mdomo kwa kiganja, kicheko kikamponyoka kati ya vidole, machozi nayo yakafuata.

Asger alikuwa ameduwaa. "Mimi nimetembea hivyo jukwaani miaka yote," alisema. "Na walinipigia makofi."

"Basi wewe mkuu huyo usimwigize," Irambona akamjibu, bado hamwamini sawasawa. Akamgeukia binti, ambaye tayari alikuwa wima katikati ya sebule, mikono nyuma, akisubiri.

"Tumbo mbele," akamwambia. "Mbele zaidi. Na usicheke. Watu wakishika mbavu, mama yako alikuwa hacheki hata kidogo."