Vyombo Havijaiva

Hospitali nzima ilimwita Mama Msumeno. Sheria ni msumeno, husema watu, hukata mbele na nyuma, na huyu mama alikata mbele, nyuma na ubavuni. Kwa miaka ishirini na miwili alisimamia chumba cha kuchemshia vyombo vya upasuaji: mashine mbili za mvuke, meza ya bati, karo, na kidirisha cha kupitishia vifurushi kwenda upande wa pili, kwa madaktari na visu vyao. Ukutani palikuwa na saa tu, nayo aliisogeza mbele dakika tatu makusudi, ili wavivu wajione wamechelewa hata walipowahi.

Kazi yenyewe haina siri. Makasi na koleo huoshwa, hufungwa kwa kitambaa cha kijani, kisha kifurushi hubandikwa utepe wenye mistari myeupe. Mvuke ukifanya kazi yake, mistari hugeuka myeusi, na hapo wenyewe husema vyombo vimeiva. Mistari ikibaki myeupe, havijaiva, na kifurushi hakipiti kidirishani hata aombe nani.

Wengi walidhani ni ukaidi tu. Wasiojua walisema moyo wake nao ulishachemshwa. Lakini mama alikuwa na kipimo chake, na kila mfanyakazi mpya alikisikia siku ya kwanza.

"Kila anayevunja sheria ana sababu," aliwaambia, "na sababu yake nzuri tu. Haya, wape watu wote ruhusa ya kuvunja wakiwa na sababu nzuri, halafu nenda kalale wewe pale kitandani upasuliwe. Utalala?"



Mwaka uliotangulia, mwenzake aliyeanza naye kazi, mzee wa utani asiye na kinyongo na mtu, alipitisha kifurushi chenye mistari myeupe kwa kuwa mgonjwa alikuwa anavuja damu. Damu ilizuiwa. Siku ya kumi na moja mgonjwa akafa kwa kidonda kilichooza. Mama Msumeno ndiye aliyetoa ushahidi, na mzee akafukuzwa kazi. Mkewe alimngoja mama getini, akamuuliza mbele ya watu: angekuwa mtu wako je?

"Hata angekuwa mwanangu wa kumzaa," akajibu, "kisingepita."

Maneno makubwa hayo, na mwenye kuyasema alikuwa na mtoto mmoja tu duniani, kifungua mimba huyohuyo na kitinda mimba huyohuyo. Binti alikuwa na miaka tisa ndani ya ndoa. Mimba mbili zilikuwa zimeharibika. Ya tatu ilishika, na kwa kuwa mumewe alifanya kazi mbali, mwezi wa mwisho alirudi kulelewa na mama yake. Jioni mama alimkanda miguu iliyovimba huku wakibishania jina la mjukuu, naye Msumeno mzima alikuwa akicheka mpaka machozi.

Jumanne moja, saa nne asubuhi, mama alifungua mashine ya kwanza akatoa seti ya upasuaji wa uzazi. Hospitali ilikuwa na seti tatu za namna hiyo. Mbili zilitumika alfajiri na bado zilikuwa karoni zina damu. Akaukagua utepe. Mistari ilikuwa myeupe pe. Kabla hajavua glavu, kidirisha kikagongwa. Alikuwa muuguzi wa zamu, msichana mwepesi wa miguu na wa maneno.

"Mama, seti ya uzazi, haraka! Kamba ya kitovu imetangulia, mapigo ya mtoto yanashuka."

"Haijaiva. Nairudisha. Dakika thelathini na tano."

"Hatuna hata kumi!" Kisha sauti ya muuguzi ikashuka. "Mama, ni dada. Binti yako. Jirani kamleta sasa hivi."

Kifurushi kilikuwa juu ya meza, bado cha moto, hatua moja kutoka kidirishani. Mama akashika ukingo wa meza.

"Tutamchoma dawa kali za vijidudu," muuguzi akasihi. "Wengi wanapona, unajua wewe mwenyewe. Nipe, mama. Mimi sitasema kwa mtu."

Alitaka kutoa. Asikudanganye mtu kwamba wenye msimamo hawatamani. Alitamani kwa mwili mzima, na mkono wake ulikwisha kukigusa kitambaa. Alimwona binti yake siku ya kumi na moja, ananuka kidonda. Alimwona pia yule mzee akitoka getini na mfuko wake wa rambo, na mkewe nyuma. Akitoa leo, mzee alifukuzwa kwa kosa gani? Kwa kosa la kuwahurumia watoto wa watu wengine?

"Hakipiti," akasema.

Kibunda cha utepe kilichokuwa mezani alikuwa amekianza asubuhi ile. Hakukiamini tena, wala mashine ya kwanza; akabandika kipande cha zamani kilichobaki mfukoni mwa aproni, akakisukuma kifurushi katika mashine ya pili, akafunga, akabonyeza. Muuguzi alimtazama kama anayemwona kwa mara ya kwanza, akaondoka mbio. Dakika thelathini na tano mama alisimama akiitazama mashine. Upande wa pili wa ukuta mkunga alikuwa amepiga magoti kitandani, vidole vyake vikikizuia kichwa cha mtoto kisiibane kamba. Mistari ilitoka myeusi. Kifurushi kikapita.

Mtoto alikuwa wa kiume, kilo tatu na nusu, nywele tele. Hakulia.

Alasiri fundi wa mashine alikuja, akapima, akapima tena. Mwisho akakata kipande cha utepe kutoka kile kibunda cha asubuhi, akakipitisha kwenye mvuke peke yake. Kikatoka cheupe.

"Mashine zote nzima, mama. Utepe ndio umeharibika. Kiliwekwa wapi hiki?"

Kiliwekwa kwenye rafu iliyo juu ya bomba la mvuke, majuma mawili, kukikinga na unyevu. Aliyekiweka ni yeye. Fundi alielewa, akainama kukusanya vifaa vyake.

"Kwa hiyo ile seti..." mama akaanza.

"Ilikuwa imeiva," fundi akasema, asimtazame.

Kesho yake muuguzi alimkuta kwenye korido, amekaa mbele ya mlango wa wodi bila kuingia.

"Binti yako anauliza," akamnong'oneza. "Wenye midomo wameshamwambia ni wewe uliyezuia. Nimemwambia sikukutajia mgonjwa ni nani. Na wewe sema hivyohivyo, mama. Niko chini ya miguu yako."

"Nitamwambia kweli."

"Kweli itamsaidia nini sasa?"

Mama akainuka, akaingia. Kipimo alikuwa nacho: kama kila mtu atamdanganya mgonjwa kwa kumhurumia, mgonjwa atamwamini nani? Binti alikuwa amelala ubavu, uso umevimba kwa kulia, maziwa yamelowesha gauni kifuani.

"Mama," akasema. "Ulijua ni mimi?"

Mama akafungua kinywa.

"Sikujua, mwanangu."

Binti akaachia pumzi ndefu, akautafuta mkono wa mama yake, akauweka shavuni.

"Nimewaambia. Wananiletea maneno hapa, nikawaambia mama yangu angejua, angevunja hata mlango kuleta vyombo mwenyewe. Na wewe husemi uongo. Hospitali nzima inajua husemi uongo."

Akalia, na mama akamkumbatia, akampapasa kichwa kama alivyompapasa alipokuwa mdogo. Hapo ndipo sheria ilipomkata. Sheria iliyokataa kusogea hata shubiri moja ili mtoto apate pumzi, leo imesogea yenyewe, bila kusukumwa na mtu, ili yeye asichukiwe.

"Usiende, mama," binti akasema.

"Siendi," akajibu, na kwa kuwa alijua sasa anaweza kudanganya, akaongeza, "Hukukosea kitu, na mimi sikukosea."