Nitungie Uzi

Bega langu lilipoanza kuruka lenyewe, dada yangu, ambaye tunashona naye duka moja, alinijia juu: "Mbona ukitunga uzi linatulia? Unajifanya!"

Nilimnunia wiki nzima. Hata kwa daktari alirudia mashtaka yake.

Daktari akatabasamu. "Hajifanyi. Ubongo wake ni mzima, ila unatuma amri ambazo hakuzitaka. Mkimkodolea macho, bega linazidi; akishughulika na kitu kingine, linatulia."



Tangu siku hiyo, bega likianza tu, hunisogezea sindano bila kuniangalia. "Nitungie uzi, mdogo wangu. Macho yangu mabovu siku hizi."

Namtungia, huku namshukuru kimoyomoyo. Macho mabovu! Dada yangu anamwona sisimizi ng'ambo ya barabara.