Loyce wa Saa Nne

Mimi nina wivu, na sijawahi kuuficha. Siku ya kuleta mahari, mama yangu alimwambia Chediel wazi mbele ya washenga: huyu binti ana wivu wa kuku mwenye vifaranga, kama unaona hutamweza, swaga ng'ombe wako urudi nao. Chediel akacheka, ng'ombe wakabaki kwetu Kinampanda. Kwa hiyo asije mtu kuniambia mwanamume yule hakuonywa.

Miaka tisa tumeishi vizuri. Mimi nashona nguo hapa Kiomboi, jirani na stendi, na yeye anafanya kazi Singida mjini, kwenye kiwanda cha kukamua mafuta ya alizeti. Anaondoka Jumatatu alfajiri, anarudi Jumamosi jioni ananuka mashudu, yale makapi ya alizeti iliyokamuliwa. Mshahara wake unaingia benki na kadi anayo yeye, ila ujumbe wa benki unakuja kwenye simu yangu. Sikuomba. Wiki ile anafungua akaunti, simu yake ilikuwa imetumbukia kwenye pipa la mafuta, akaandika namba yangu kwenye fomu. Baadaye nilimwambia akaibadilishe. Akasema, "Ya nini, Winfrida? Ukipata wewe nimepata mimi." Maneno hayo niliyatangaza mtaa mzima, hadi watu wakanichoka.

Basi mwezi wa pili mwaka huu, siku ya Jumanne, saa nne na dakika tano asubuhi, simu ikalia nikiwa napiga pindo la sketi. Ndugu mteja, umelipa kwa kadi shilingi 10,000 kwenda LOYCE D KITUNDU. Kabla sijaiweka chini ikalia tena. Shilingi 2,400 kwenda LOYCE D KITUNDU.

Nilisoma mara tatu. Sindano ya cherehani ilikuwa imesimama katikati ya kitambaa cha mteja na mguu wangu ulikuwa umegoma kukanyaga.

Jumatano, saa nne na dakika nane: elfu kumi, halafu elfu moja na mia nane. Alhamisi hivyo hivyo. Ijumaa hivyo hivyo. Elfu kumi haikupungua wala kuzidi, ile ya pili ndiyo ilikuwa inapanda na kushuka. Nikapata jibu mwenyewe bila kuuliza mtu. Elfu kumi anampa huyo Loyce mkononi, ya matumizi, na hiyo ndogo wanakunywa chai pamoja.

Nilimwonyesha Theresia, ambaye anasuka nywele chumba cha pili. Theresia akisikia habari za waume za watu anaacha hata kichwa nusu.

"Saa nne kila siku?" akauliza. "Shoga, huyo ana ratiba. Huyo ni mke."

"Lakini Jumamosi analeta pesa ya nyumbani kama kawaida. Elfu kumi kila siku angezitoa wapi?"

"Wanaume wana njia zao. Wewe shona tu."

Ni kweli hesabu haikukaa sawa. Mshahara wake naujua, na pesa anayoleta naijua. Ningechukua dakika tano kuuliza salio ningeona kitu. Sikuuliza salio. Nilikuwa nimeshamwona Loyce: mweupe, mwembamba, kucha ndefu, anacheka huku ameziba mdomo. Nilimjua hadi viatu.

Jumamosi moja nikamtegea Chediel akiwa ananawa mikono.

"Loyce ni nani?"

"Loyce yupi?"

"Mimi ndiye nakuuliza."

"Simjui Loyce yeyote," akasema, akavuta sahani ya ugali. Hakushtuka wala sauti haikutetemeka, nikasema moyoni, huyu sasa amekuwa mzoefu. Akaendelea kula na kupiga hadithi za kiwandani, kwamba siku hizi hawatoki getini kutafuta chai, kuna friji la Mama Deo limewekwa ndani, unagusa kadi mlango unafunguka, unachukua unachotaka, na muuzaji hayupo. Hadithi yenyewe niliisikia kwa sikio moja. Nilikuwa namwangalia usoni, namtafuta Loyce.

Miezi mitatu ilipita hivyo. Saa nne ikikaribia nilikuwa naacha kushona na kuiweka simu mapajani. Ujumbe ukichelewa naumia, nasema leo wamekaa muda mrefu. Ukija naumia pia. Nilikonda, na Theresia akasema wivu unanipendeza. Jumamosi nilikuwa napika, nacheka, natandika kitanda, na ndani nimeshafungasha. Nilipanga kabisa: nikimwona Loyce kwa macho yangu, nachukua wanangu wawili na cherehani yangu, narudi Kinampanda kwa mama, na Chediel asinifuate.

Alhamisi ya wiki ya pili ya mwezi wa tano nikapanda basi la kwanza kwenda Singida. Nilivaa gauni langu la kitenge cha bluu, lile la harusi za watu, kwa sababu sikutaka Loyce anikute nimechakaa. Njia nzima nilikuwa napanga maneno. Nilipanga kwa Kiswahili, nikaona hayaumi vya kutosha, nikayapanga upya kwa Kinyiramba.

Getini nilimkuta mlinzi, mzee mmoja mwenye koti zito na daftari la wageni.

"Shikamoo baba."

"Marahaba mwanangu. Unamtaka nani?"

"Kuna mtu anaitwa Loyce humu?"

Akafungua daftari, akapitisha kidole. "Loyce Kitundu. Yupo, ameingia saa tatu. Leo ni Alhamisi, ndiyo siku yake."

Siku yake! Sikusubiri hata kuandikwa. Mzee aliniita, nami nilikuwa nimeshavuka magunia ya alizeti nafuata sauti za watu. Ilikuwa saa nne na dakika chache na wafanyakazi walikuwa wanatoka mashineni kwenda kwenye kibanda cha chai. Niliwakuta kama kumi na tano wamesimama mbele ya friji refu la kioo. Chediel alikuwa katikati yao, ana yai la kuchemsha mkononi, analimenya.

Alipandisha macho akaniona. "Winfrida? Watoto wazima?"

Nilishika kiuno, nikasema kwa sauti ambayo nadhani ilifika hadi barabarani: "Loyce ni nani hapa?"

Watu walitazamana, na wengine hata jina lenyewe hawakulijua. Nyuma ya mlango wa friji, aliyekuwa ameinama anapanga chupa za maziwa akainuka taratibu, mkono mmoja kiunoni, kama mtu mwenye mgongo unaouma. Mama wa miaka sitini hivi. Nywele nyeupe zimechungulia chini ya kilemba, miwani imefungwa kwa uzi, aproni ina madoa ya maziwa.

"Ni mimi, mama," akasema. "Nikusaidie nini?"

Nilikuwa na maneno ya miezi mitatu mdomoni, yamepangwa kwa lugha mbili. Kilichotoka ni "Shikamoo."

"Marahaba, mwanangu."

Ukishampa mtu shikamoo, matusi yanapita wapi? Nilisimama pale kama nimesahau njia ya kurudi. Kisha, badala ya kunyamaza, jambo ambalo lingeniokoa, nikasema, "Kwa nini mume wangu anakulipa elfu kumi kila siku?"

Halafu mmoja akapiga kelele, "Mama Deo! Kumbe wewe ndiye unakula mshahara wa Chediel!" Wakaangua kicheko, wengine wakashika mbavu, mmoja akamwaga chai. Hapo ndipo nilipojua kwamba Loyce Kitundu ni Mama Deo. Kiwandani jina lake halisi liko kwenye daftari la mlinzi na kwenye mashine ya benki tu. Wengine wote wanamwita kwa mwanawe, kama tunavyoitana sisi sote, na mume wangu aliponiambia hamjui Loyce yeyote alikuwa anasema kweli tupu.

Mama Deo peke yake hakucheka. Akanishika mkono, akanisogeza kwenye kile kimashine kilichobandikwa ubavuni mwa friji.

"Sikiliza, mwanangu. Mtu akigusa kadi hapa, mashine haijui atachukua nini. Anaweza kuchukua yai moja, anaweza kubeba friji zima. Kwa hiyo kwanza inashika elfu kumi, kama dhamana, ndipo mlango unafunguka. Akiufunga, inahesabu alichochukua, inakata hicho tu. Ile elfu kumi inaachiwa, inabaki kwenye akaunti yake. Benki wanakutumia ujumbe pesa ikishikwa. Ikiachiwa hawatumi. Si wewe wa kwanza kuuliza, ila wengine walinipigia simu."

Akatoa simu yake, akanionyesha orodha ya Chediel: mayai mawili, maziwa ya mgando, mayai mawili, karanga, mayai mawili.

Ningeweza kufurahi hapo. Mume wangu alikuwa msafi kama maji ya kisima. Lakini nilitazama ile orodha, na sitadanganya, wivu ukanirudia upya. Nyumbani kwangu Chediel hali yai. Miaka tisa ananiambia hapendi, wape watoto. Na huyu mama wa watu alijua ni mawili, kila siku, na alijua siku gani anaongeza karanga.

Chediel alikuwa bado ameshika yai lake limemenywa nusu. Aliliweka mezani, akaniambia twende.

Tulisimama nje ya geti. Nilisubiri anigombeze, maana ugomvi nauweza. Aliuliza tu, "Tangu lini?"

"Mwezi wa pili."

"Miezi mitatu. Nakuja nyumbani, unanipa maji ya kuoga, unanichekea, tunalala. Na kumbe unaniona mimi mtu wa namna hiyo."

"Nilikuuliza Loyce ni nani."

"Uliuliza, nikakujibu. Hukunionyesha huo ujumbe. Ungenionyesha, ningekuambia ni friji."

"Sasa ningejuaje kama..."

"Winfrida." Hakupandisha sauti. "Ile namba nilikuachia kwa sababu sikuwa na cha kukuficha. Sikukuachia unilinde nayo."

Nililia, na sikulia kwa ujanja. Nikamwambia nisamehe. Akasema amenisamehe, akanipeleka stendi, akanikatia tiketi, akaninunulia maji na mahindi ya kuchoma. Basi lilipowashwa akasogea dirishani.

"Kesho naenda benki," akasema. "Nabadilisha namba."

Nilitaka kusema ya nini, nikakumbuka hayo yalikuwa maneno yake.

Jumamosi alikuja kama kawaida. Nilimchemshia mayai mawili, akala moja, lingine akamgawia Leah, mtoto wetu wa kwanza. Hatukugombana. Alikuwa mpole, anaitika, anasema asante, na Jumatatu alfajiri akaondoka.

Siku ile ile saa nne ikafika. Niliacha kushona bila kujijua, simu iko mapajani. Saa nne na dakika tano. Saa nne na kumi. Theresia akachungulia kutoka chumba cha pili akauliza mbona nimeduwaa, nikamwambia arudi kwenye vichwa vya watu. Simu ilikuwa kimya, na kimya kile kilikuwa kibaya kuliko Loyce wote duniani, kwa sababu Loyce angalau nilikuwa namsoma. Sasa sikujua kama Chediel amekula, au amekula nini, au yuko wapi. Nilianza kumwona mwingine kabisa, asiye na jina, amesimama karibu yake pale kwenye kioo cha friji.

Nikapiga. Ikaita muda mrefu, kisha nikasikia mashine za kukamulia nyuma yake.

"Haloo."

"Baba Leah, umekunywa chai?"

Akasema, bila hasira yoyote, "Winfrida, unauliza kama nimekunywa, au unauliza nimekunywa na nani?"

Nikakanyaga cherehani kwa nguvu, asikie kwamba mimi nashona tu.